Sauti ya Baba Kwenye Gemu ya Mama

Makongeni, Nairobi
4 Machi 2024

Kwako Sista Adoyo,

Najua bado wewe ni mnovisi na hujaitwa Sista rasmi, lakini wacha nianze kuzoea. Niaje huko? Naandika nikiwa kibandani Donholm, kati ya simu iliyoingia maji na nyingine ambayo mwenyewe anaapa haikuingia maji. Mkono umesahau kalamu, kwa hivyo nivumilie.

Mama yuko. Aliugua kidogo mwezi uliopita, mkono wa kulia ukawa mzito, ndiyo maana hujajibiwa. Anakula, anaoga, jioni anakaa barazani. Usiwe na wasiwasi.

Kuna kazi nafanya nyumbani inanipa raha. Nimepata aifoni kuukuu, kioo kimepasuka pembeni, nikaijailbreak. Ndani nimeweka gemu ya watoto ya kujifunza maneno. Picha inatokea, sauti ya Mzungu inasema jina lake, unarudia, picha inageuka na nyingine inakuja. Mama anaicheza. Nataka kubadilisha zile sauti ziwe za Kiswahili, na kidogo za kwetu. Simu ambayo haijafanyiwa hivyo haikuruhusu kugusa mafaili ya gemu, lakini hii sasa ni kama nyumba ambayo nina funguo za vyumba vyote.

Mama angependa kitu gani kwanza? Wewe ndiwe ulikuwa naye jikoni.

Nduguyo,
Owiti


Nyumba ya Wanovisi
19 Machi 2024

Mpendwa Owiti,

Amani kwako na kwa Mama. Barua yako niliisoma mara tatu, na mara zote tatu nilisimama mahali pamoja. "Jailbreak" ni nini? Mwenzangu hapa aliniambia ni kutoroka jela. Nimekaa na swali hilo kama mwiba kwenye soksi: ndugu yangu amenunua simu ya mtu aliyetoroka jela? Kama ni ya wizi, Owiti, irudishe. Kama gemu ni ya kulipiwa na wewe umeivunja, pia nieleze. Sikuhukumu. Nataka tu kujua ninachomwombea.

Kuhusu jikoni: sufuria, mwiko, kikombe, chumvi. Na *pi*, maana Mama hakuwahi kuomba maji kwa Kiswahili hata mara moja.

Lakini kuna jambo lingine. Mama alishinda dirishani kwenye ofisi ya baraza la jiji akipokea malipo ya maji ya watu maisha yake yote, na hakuna aliyemshinda kwa maneno. Mtu kama huyo anahitaji gemu ya watoto ya kujifunza maneno kwa nini? Mwambie aniandikie mstari mmoja. Kama mkono ni mzito, akuambie wewe uandike. Maneno yake, si yako.

Dada yako,
Adoyo


Makongeni
7 Aprili 2024

Adoyo,

Simu si ya wizi. Niliinunua kama spea kutoka kwa Nuh, yule mtoto wa Mama Anab mwenye duka la jumla la mchele. Kujailbreak ni kuvunja kufuli aliloliweka mtengenezaji, kwenye simu yako mwenyewe. Gemu ni ya bure. Hapo umwombee mtu mwingine.

La Mama nitakuambia bila kuzunguka, maana umeshanusa. Ilikuwa kiharusi. Mkono wa kulia umelala, mguu unaburuta lakini unatembea. Maneno yameondoka. Akitaka chumvi anasema "ile, ile," halafu analia kwa hasira. Anaelewa kila kitu. Ukimwambia mzaha anajua ni mzaha. Ila mlango wa kutokea maneno ndio umekwama. Kwenye kliniki kuna dada wa tiba ya usemi, mzuri sana, lakini wagonjwa ni wengi na zamu ya Mama inachelewa kuja. Yeye ndiye aliyesema turudie majina ya vitu kila siku.

Sikukuambia kwa sababu ungefunga sanduku siku hiyo hiyo.

Ndani ya folda ya gemu kuna sauti zaidi ya mia, zote zina namba badala ya majina. Narekodi "kikombe", nafuta ya Mzungu, naipa yangu namba ile ile, basi gemu haijui tofauti. Siku ya kwanza nilichanganya namba, picha ya ng'ombe ikasema "sufuria". Mama akacheka mpaka nikaogopa. Kuna faili nyingine ndogo ya maandishi inayosema gemu isubiri jibu kwa sekunde tatu, kisha ipige kengele ya kushindwa. Mama hawezi kupata neno kwa sekunde tatu. Nikaweka thelathini, na ile kengele nikaiua kabisa.

Lakini sauti yangu haikufanya kazi. Ananiangalia kwa huruma, kama mimi ndiye mgonjwa. Wiki mbili bila neno hata moja. Sasa nimepata sauti nyingine na mambo yamebadilika. Anarudia, Adoyo! Kikombe, kiti, sahani, dirisha. Neno analolipenda kuliko yote ni "mlango". Hilo analisema hata simu ikiwa imezimwa, kwa nguvu, akinyoosha ule mkono mzima.

Nisamehe kwa kukuficha. Kaa huko, tutafika.

Owiti


Nyumba ya Wanovisi
25 Aprili 2024

Owiti,

Nilipomaliza kusoma nilikwenda kwa Sista Mlezi, akanipa simu ya ofisi pale pale. Nilipiga yako, haikupatikana. Nikapiga ya Mama.

Ilipokelewa, lakini hakuna aliyesema na mimi. Nadhani Mama aliibonyeza kwa bahati. Nilisikia kuku wa jirani. Kisha nikasikia mwanamume akisema, polepole, kama anayesoma tangazo la stesheni: "Sahani. Sahani." Na Mama akajibu, "Sahani!"

Niliijua sauti hiyo kabla haijafika mwisho wa neno. Nilikuwa darasa la sita alipoondoka nayo.

Obura anafanya nini kwenye nyumba ya Mama?

Adoyo


Makongeni
12 Mei 2024

Adoyo,

Uliyemsikia siku hiyo ni gemu. Lakini ni kweli, ni sauti ya Mzee.

Ilikuwa hivi. Alisikia habari za Mama kwa wenzake wa zamani wa reli, akaja kutoka Dandora na papai mbili. Sikumwalika. Mama alikuwa mezani na gemu, ikatokea picha ya kiti, sauti yangu ikasema "kiti", Mama kimya. Mzee akainama juu ya bega lake na kusema, "Benta, hicho ni kiti." Mama akageuka. Akamtazama juu mpaka chini. Akasema, "Kiti!" Lilikuwa neno zima, na lilitoka safi. Nilikuwa nimeshika kikombe cha chai, nikakiweka chini ili nisikimwage.

Ungefanya nini? Ungempa papai zake na kumwambia aende? Jumapili iliyofuata nilimketisha chumbani, nikatundika blanketi dirishani kuzuia kelele za barabara, akasema maneno yote ya gemu. Alikuwa na woga kama mtu wa mahojiano ya kazi. "Mwiko" alilirudia mara nyingi kwa sababu alisema halikutoka vizuri.

Tangu hapo Mama anasonga. Wiki iliyopita betri iliisha na simu ikazima. Simu kama hii ikizima, kufuli linarudi, lazima uivunje upya, na mimi nilikuwa kazini. Mama alipiga meza siku nzima akiitaka. Niambie hiyo si kumkosa mtu.

Najua alichotufanyia. Mimi pia nilikuwepo, hata kama nilikuwa mdogo. Lakini mimi ndiye ninayemfunga Mama vifungo asubuhi, na nimeamua kwamba sauti inayomfungua mdomo nitaitumia hata ikitoka wapi.

Lililobaki nikuambie: yule mwanamke wa Dandora aliyemfuata wakati ule, waliachana zamani. Mzee sasa analala kwenye kochi letu. Mama hakukataa.

Owiti


Makongeni
20 Mei 2024

Kwa binti yangu Adoyo,

Salamu nyingi. Natumaini barua hii itakukuta salama. Mimi baba yako ni mzima, ila magoti.

Owiti ameniambia umekasirika. Una haki. Sitaandika sababu, kwa maana nilikuwa nazo nyingi wakati ule na leo sioni hata moja iliyosimama.

Ninaandika kukuambia habari za mama yako. Kila ninapoongea, anajibu. Nikisema "dirisha" asubuhi, anasema "dirisha" kwa sauti ambayo jirani anaisikia. Wakati mwingine mimi mwenyewe na yule mimi wa kwenye simu tunaongea pamoja, naye anatujibu sote wawili. Miaka kumi na minne sikuitwa na mtu wa nyumba hii. Sasa nimeitwa na gemu ya watoto. Nadhani ni njia ya Benta ya kusema yamekwisha.

Nimeleta mkoba wangu na pasi ya nguo. Ninafagia uwanja. Siku yako ya nadhiri, mwezi wa kumi na mbili, ningependa niketi na mama yako, benchi moja, kama wazazi wa watu wengine. Ukikubali, niandikie.

Baba yako,
Obura


Nyumba ya Wanovisi
2 Juni 2024

Owiti,

Barua ya Baba imefika. Sitaijibu. Mwambie imefika.

Nimeongea na Sista Mlezi. Nitaondoka mwisho wa mwezi huu. Aliniuliza kama naondoka kwa sababu sitaki maisha haya au kwa sababu ya nyumbani. Nilisema ni ya nyumbani. Akasema sawa, hatanizuia, ila nisali kwa siku chache, nisije baadaye nikamdai mtu mwingine gharama ya uamuzi wangu. Ninaomba, lakini ninapofumba macho namwona mwanamume yule ameketi kwenye kiti cha Mama, na Mama hana maneno ya kumwambia ainuke.

Umefikiria hilo, Owiti? Umesema hakukataa. Angekataa kwa neno gani? Katika gemu yako kuna kikombe na kuku na dirisha. Umemwekea "hapana"? Umemwekea "sitaki"?

Sikulaumu kwa kazi unayoifanya kila asubuhi. Nilipaswa kuwa hapo nikigawana nawe. Ndiyo maana nakuja.

Adoyo


Makongeni
11 Juni 2024

Adoyo, nyamera, dada yangu,

Usifunge sanduku kabla ya kusoma hii yote.

Barua yako ilinikuta Ijumaa. Nikaangalia folda yote. Hakuna "hapana". Hakuna "sitaki". Nilikaa pale kibandani na bisibisi mkononi, mteja ananiongelesha simsikii.

Jumamosi Mama Anab alikuja kumwona Mama. Alileta chai ya viungo kwenye chupa, akaketi naye. Mzee alikuwa nje anafagia. Gemu ikasema "sahani", Mama akasema "Sahani!" na kupiga meza. Ikasema "mlango", Mama akalisema mara tano, mkono umenyooka. Mimi nikamwambia Mama Anab kwa fahari, "Unaona anavyoipenda hiyo sauti?"

Mama Anab akaniangalia kama mtu anayeangalia noti bandia.

"Owiti," akasema, "mimi nimekaa na mume miaka ishirini na sita. Huyu hapendi. Huyu anagombana."

"Anarudia maneno, Mama Anab."

"Anajibu! Hana maneno yake, anachukua ya huyo mwanamume na kumrushia. Wewe umemwekea ndani ya simu mtu aliyemkasirikia miaka yote hii, halafu unashangaa mdomo umefunguka? Hata wangu ungefunguka. Na huo mlango anakuonyesha tangu lini?"

Nikapiga magoti mbele ya Mama, nikamwuliza, "Mama, unataka Mzee aende?"

Adoyo, alifumba macho. Machozi yakatoka, lakini hakuwa na huzuni. Alikuwa kama mtu aliyekuwa anabisha kwa miezi na hatimaye mtu amekuja kufungua.

Nikamwita Mzee. Akaingia na ufagio. Nikaanza kumweleza, lakini Mama aliinua mkono, ninyamaze. Akasimama mwenyewe, ameshika meza. Mdomo ukawa unatafuta. Sote tulisubiri. Hata Mama Anab alikuwa ameshika kikombe hewani. Ilichukua muda, tena zaidi ya zile sekunde zangu thelathini.

"Obura," akasema.

"Ndiyo, Benta."

"Obura. Chukua... mkoba. Enda... kwako."

Hakuna hata neno moja kati ya hayo lililokuwa kwenye gemu. Hata jina lake halikuwepo, maana nani angelirekodi.

Mzee alisimama. Nilidhani atabisha, ana mdomo ule. Aliweka ufagio nyuma ya mlango, akachukua mkoba na pasi yake, akatoka. Nikamfuata mpaka barabarani kwa aibu. Alipogeuka, uso wake wote ulikuwa umelowa na anacheka.

"Umemsikia?" akaniuliza. "Owiti, umemsikia? Ameyaunganisha!"

"Nimemsikia, Baba."

"Haya. Mwandikie dada yako kwamba mama yake ameongea." Akahamisha mkoba bega la pili, akaenda zake kutafuta gari la Dandora.

Jioni nilimwuliza Mama kama nifute sauti ya Mzee nirudishe yangu. Akatikisa kichwa. Akachukua simu, akafungua gemu, ikasema "kikombe", naye akaijibu vizuri sana, halafu akaifunga gemu na kuilaza simu kifudifudi mezani. Ameketi amestarehe kabisa.

Nimeweka picha mbili mpya. Moja ni kichwa kinatikiswa: "hapana". Nyingine ni mkono umeinuliwa: "sitaki". Nimezirekodi mimi. Hizo anazirudia bila taabu.

Nisamehe. Nilisikiliza maneno, sikumsikiliza yeye. Mama anataka kukuandikia, kwa mkono wa kushoto. Amenifukuza mezani ili nisichungulie.

Owiti


Makongeni
24 Juni 2024

Adoyo

Mkono wa kushoto. Pole pole.

Owiti ananipa neno nikikosa. Si yote. Haya ni yangu.

Sikumpenda. Nilikuwa namjibu. Nilikuwa na mengi. Miaka yote sikumwambia. Nilisema nitamwambia kesho. Halafu kichwa kikazima.

Sasa nimesema. Kidogo. Imetosha kidogo.

Usirudi kwa ajili yangu. Kama hutaki usista, rudi. Nitafurahi. Kama unautaka, kaa. Mimi nina Owiti. Nina Mama Anab. Nina mguu. Jana nilikwenda dukani. Nilisema chumvi. Mwenye duka alinipa sukari. Nikasema hapana. Akanipa chumvi.

Baba yako alikuja Jumapili. Alibisha hodi. Alisimama nje. Aliuliza kama anaweza kurekodi maneno mapya. Nilifikiri. Nikasema aje saa nne, aende saa sita. Anasoma vizuri. Hilo siwezi kumnyima.

Siku ya nadhiri, kama ipo, nitakuja. Nimeanza kutafuta nguo.

Baba yako ameuliza benchi. Nimemwambia asije na mimi.

Aje kivyake.

Mama